Barua ya Ushindi ya Kapteni Peverell

Kapteni Lucius Peverell hakuwahi kushindwa vita hata kimoja, na sababu yake ni nyepesi: alipigana kimoja tu, na hicho chenyewe hakuwepo. Nasema hivi kwa heshima zote. Mimi, Barnaby Inskip, nilikuwa karani wake kwa miaka thelathini, kwanza katika manowari yetu Thessaly yenye mizinga thelathini na miwili, halafu nyumbani kwake Gosport, ng'ambo ya bandari ya Portsmouth, alikokaa akisubiri kuwa admirali. Kila barua iliyotoka na jina lake chini, maneno ya juu yake yalikuwa yangu. Kazi yake yeye ilikuwa kutia sahihi, na aliifanya bila kuchoka.

Vita vyenyewe vilitokea mwezi wa Aprili mwaka 1810, karibu na pwani ya Brittany. Siku moja kabla, mashua ya wavuvi ilitupitia na kutuuzia chaza. Kapteni alikula dazeni tatu peke yake. Daktari alimwonya, lakini daktari alikuwa Mskoti, na Kapteni hakupokea ushauri wa chakula kutoka kwa watu wanaokula uji wa chumvi. Kulipopambazuka ukungu ulifunguka, na hapo mbele yetu ikaonekana meli ya Wafaransa. Ofisa wa zamu alituma mtu mbio chumbani kwa Kapteni. Mtu akarudi na jibu kwamba Kapteni yuko chooni, na kwamba Wafaransa wasubiri.

Wafaransa hawakusubiri. Basi aliyeshika usukani wa mambo akawa Luteni Jethro Culliford, luteni wa kwanza wa meli, yaani mtu anayefanya kazi zote za meli ili kapteni apate nafasi ya kuwa kapteni. Culliford alikuwa mtoto wa mwoka mikate wa Poole, miaka thelathini na moja, mfupi, mwenye sauti ya kuita watu kutoka mtaa wa pili. Hakuwa na mjomba London. Alikuwa na akili tu, na katika jeshi letu la majini akili bila mjomba ni kama viatu bila miguu. Alipigana dakika hamsini. Alipoona mlingoti wa adui umeanguka, aliisogeza meli yetu ubavuni mwao, akachomoa upanga, akawa wa kwanza kuruka. Alirudi na vidole vitatu tu katika mkono wa kulia, viwili vimebaki kwenye sitaha ya Wafaransa.

Nahodha wa Kifaransa alivuka kuja kwetu kusalimisha upanga wake. Alikuwa anamwelekea Culliford, ambaye alikuwa amejifunga mkono kwa kitambaa cha shingo, na damu inachuruzika. Wakati huohuo mlango ukafunguliwa, Kapteni Peverell akatokea. Alikuwa amevaa rasmi, nywele zimechanwa, mabega yanang'aa dhahabu, uso wa rangi ya nta.

"Tumeshinda?" akauliza.

"Tumeshinda, Kapteni," Culliford akajibu.

"Nilijua tu."

Mfaransa yule alikuwa mtu wa adabu. Aliona dhahabu mabegani, akageuza njia, akampa Kapteni upanga. Wahenga wanasema asiyekuwepo na lake halipo. Wahenga hao hawakuwahi kupanda manowari ya Mfalme wa Uingereza.

Sasa, kwetu vita haviishi mizinga ikinyamaza. Vinaisha barua ikiandikwa. Kapteni humwandikia mkubwa wake kueleza ushindi, barua inapelekwa London, inachapishwa kwenye Gazeti la Serikali, na mle ndani Kapteni hutaja majina ya waliofanya vizuri. Aliyetajwa hupanda cheo. Luteni wa kwanza akitajwa katika ushindi kama ule, hakosi kufanywa kamanda. Ni desturi, kila mtu anaijua, hata mke wake huanza kupima kitambaa cha koti jipya. Asiyetajwa hakupigana. Anaweza kuonyesha kidonda chake kwa nani? Kidonda hakichapishwi gazetini.

Jioni ile Kapteni aliniita chumbani kwake. Alikuwa amejilaza kitini, miguu ndani ya beseni la maji ya moto.

"Andika, Inskip. 'Nina heshima kuwaarifu kwamba alfajiri ya leo nilipomwona adui, niliamuru...' Niliamuru nini?"

"Uliamuru uletewe ndoo nyingine, Kapteni."

"Chunga mdomo wako. Andika, 'niliamuru tumkaribie.'"

Nikaandika. Tulikwenda vizuri mpaka tulipofika kwenye kuruka. Nilikuwa nimeshaandika mwenyewe, bila kuambiwa, kwamba Luteni Culliford aliongoza watu na kujeruhiwa vibaya. Nilimsomea. Akachezesha vidole vya miguu ndani ya beseni.

"Hilo jina limekaa vibaya," akasema.

"Limekaaje, Kapteni?"

"Limekaa mbele. Mtu akisoma kwamba Culliford ndiye aliyeongoza, si atajiuliza mimi nilikuwa wapi?"

"Atajiuliza, Kapteni."

"Haya basi. Hatutaki watu wa London wajiulize maswali, wana kazi nyingi maskini. Lifute. Andika, 'niliongoza watu wangu.' Halafu huyu kijana Lisle, alikuwa wapi?"

Cosmo Lisle alikuwa luteni wa pili, na mjomba wake alikuwa anakaa kwenye ile meza kubwa London inayogawa vyeo. "Alikuwa chini, Kapteni. Kwenye bomba la maji."

"Na bomba lilifanya kazi?"

"Lilifanya."

"Mtaje. 'Luteni Lisle alinisaidia kwa utulivu wa ajabu.' Kijana mtulivu yule."

Nikaufuta mstari wa Culliford, nikaandika barua upya kwa mwandiko safi, na jina la mtoto wa mwoka mikate halikuwemo hata mara moja. Nilikuwa na sababu zangu. Nilikuwa na mama mgonjwa Fareham, na karani anayembishia kapteni hushushwa bandari ya kwanza. Kila mwoga ana sababu, na za kwangu zilikuwa nzuri sana. Hata hivyo niliona aibu, aibu ya kweli, na usiku ule sikuweza kula.

Gazeti lilitufikia Plymouth baada ya wiki tatu. Lisle alifanywa kamanda palepale. Kapteni alipewa upanga wenye mpini wa dhahabu na wafanyabiashara wa bima za meli, na baadaye Mfalme akamgusa bega akawa Sir Lucius. Culliford alikuja kwenye kijichumba changu akiwa na gazeti katika mkono wake mzima. Alikuwa amelisoma mpaka limelegea.

"Inskip, ndugu yangu, wewe ndiye uliyeandika. Jina langu lilikuwemo?"

"Mimi huandika ninachoambiwa, Luteni," nikasema.

Alinitazama kidogo, kisha akanipiga bega. "Najua. Sikulaumu wewe. Yule mzee wa chaza ndiye ninayemjua." Akatoka, na hakuwahi kunisema vibaya tangu siku hiyo. Wema wake ulinichoma kuliko matusi.

Amani ikaja mwaka 1815, na amani ni msiba mkubwa kwa ofisa wa manowari. Meli zilifungwa, maofisa wakarudishwa nyumbani kwa nusu mshahara. Sir Lucius hakuisikitikia bahari hata kidogo, kwani ilikuwa haikubaliani na tumbo lake. Tena hakuhitaji meli. Ukishakuwa kapteni kamili kwetu, unapanda kwa zamu. Kuna kijitabu kinachotolewa na wakubwa, chenye majina ya makapteni wote kwa mpangilio wa tarehe. Walio juu wakifa, wa chini wanasogea. Huhitaji kupigana. Huhitaji kujua kuogelea. Unachohitaji ni kutokufa kabla ya wenzako, na katika hilo Sir Lucius alionyesha kipaji ambacho Wafaransa hawakupata kukiona.

Kila kijitabu kipya kilipofika, alikisoma mezani asubuhi, samaki wa moshi kwenye sahani na kalamu ya wino mwekundu mkononi. "Burdett amekufa," alikuwa akisema, huku akichora mstari. "Baridi ya mapafu. Maskini Burdett. Niongezee chai, Inskip." Jumapili moja alichora mistari minne, akatuimbia zaburi akishuka ngazi. Kufa kufaana, lakini sijaona mtu aliyefaidi vifo kwa hamu kama ile. Na Alhamisi akiwaalika mabwana wenzake wa nusu mshahara, waliinua glasi za mvinyo na kunywea dua ya zamani ya maofisa, kwamba Mungu alete vita vya kuua wengi au msimu wa maradhi makali. Waliicheka. Lakini kila mmoja aliwaangalia wenzake mezani kuona nani anakohoa.

Culliford yeye hakuwa na zamu. Luteni hapandi kwa kusubiri; lazima achukuliwe kwa mkono. Na mkono uliotakiwa kumchukua ulikuwa unapaka siagi kwenye mkate Gosport. Alipewa kazi ya ulinzi wa pwani huko Dorset, akiwa na mashua na watu wanane, akiwakimbiza wauza brandi ya magendo kwenye mvua. Kila Krismasi alimwandikia Sir Lucius barua fupi ya adabu, akiomba aandikiwe London mstari mmoja tu kwamba alikuwepo siku ile. Kila Krismasi Sir Lucius alisema, "Mwandikie kwamba nalitafakari." Nami nikamwandikia. Barua ishirini na mbili nilizitunga, hakuna iliyofanana na nyingine, na nilikuwa najivunia ufundi wangu.

Januari mwaka 1837 makapteni wa kutosha walikuwa wamekwisha kufa, Sir Lucius akawa admirali. Kweli hakupewa meli wala bendera. Maadmirali wetu wana vikosi vya rangi tatu, chekundu, cheupe na cha buluu, na yule anayepandishwa ili tu akae pembeni asisumbue, watu humwita admirali wa manjano, kwa kuwa bendera ya manjano haipo. Yeye hakujali. Aliagiza koti jipya na bata mzinga wawili, akatualika sote kumpongeza, na katika hotuba yake alisema cheo kimekuja kwa jasho.

Mwezi uliofuata, Culliford alikuja mwenyewe. Alifika mchana, amelowa, akapiga hodi mlango wa mbele. Admirali alimwona kupitia dirisha la juu.

"Mwambie sipo," akaniambia.

"Ameshakuona, Admirali."

"Basi mwambie sipo kwa ajili yake."

Bi Tabitha, msimamizi wa nyumba, mjane wa baharia aliyezama, hakuwa na subira na upuuzi wa aina hiyo. Alimshika Culliford mkono akampeleka jikoni, akamweka karibu na moto na kumpa bakuli la supu ya dengu na mguu wa nguruwe. Miaka ishirini na saba ilikuwa imemfanya mzee. Kijiko alikishika kwa vile vidole vitatu.

"Inskip," akasema, "umesikia habari za orodha?"

Nilikuwa nimeisikia. Wakubwa wa London walikuwa wameona haya, jambo la nadra, wakaamua kuwachukua maluteni wachache wa siku nyingi wawafanye makamanda wastaafu. Sharti lilikuwa moja: kapteni wa zamani aandike kwamba mtu huyu alikuwa luteni wake wa kwanza katika ushindi fulani na alitenda vizuri. Barua zipokelewe kabla Machi haijaisha. Baada ya hapo orodha inafungwa, na haitafunguliwa tena.

"Nina miaka hamsini na minane," Culliford akasema. "Kule kituoni vijana wananiita Luteni Babu. Wanadhani sisikii. Susannah, mke wangu, Mungu amrehemu, kila Gazeti likija alikuwa analisoma mstari kwa mstari, akidhani labda wamekumbuka. Mpaka mwaka juzi alipofariki. Sitaki meli, Inskip. Hata pesa sitaki. Nataka waandike mahali fulani kwamba nilikuwepo."

Alimaliza supu, akashukuru, akaenda kuwahi gari la farasi la kurudi Dorset. Bi Tabitha aliosha bakuli kwa fujo mpaka nikaogopa litavunjika.

"Na wewe umekaa hapo kama sufuria tupu," akanigeukia. "Si wewe unayeandika kila kitu humu ndani?"

"Naandika, lakini sahihi ni yake."

"Sahihi! Huyo bwana tangu mwaka mpya amesoma nini zaidi ya majina ya maiti? Juzi nimemwekea karatasi ya muuza makaa, ameitia sahihi 'mtumishi wenu mnyenyekevu, L. Peverell.'"

"Bi Tabitha, unaniambia nifanye udanganyifu."

"Umefanya mwingi bila kuambiwa na mtu. Huu mmoja ungekuwa wa kweli."

Usemi ule haukuniacha siku nzima. Basi nikakaa kuandika. Haikuwa kazi rahisi hata kwangu mimi. Barua ya zamani ilikuwa London, na ilisema Sir Lucius ndiye aliyeongoza watu. Nikiandika kwamba aliyeongoza ni Culliford, wangeuliza ni ipi ya uongo, na swali lingerudi Gosport, na Admirali angekana kila kitu. Nilichana rasimu tatu. Ya nne ikakaa sawa: kwamba Luteni Culliford aliruka sambamba na kapteni wake, akapigana kwa ushujaa na kupoteza vidole viwili, na kwamba kutotajwa kwake mwaka 1810 kulitokana na kosa la karani, aliyeruka mistari miwili wakati wa kunakili, kosa ambalo Admirali amelitambua sasa na limemsikitisha sana.

Nilicheka peke yangu nilipoandika hiyo ya karani. Niliona ni werevu. Lazima makosa yawe ya mtu, na London hakuna anayeuliza karani ni nani.

Alhamisi asubuhi nikampelekea barua arobaini na moja za kuwashukuru waliompongeza, ile yangu ikiwa ya ishirini na tatu. Alitia sahihi akila. Ya ishirini, ya ishirini na moja, ya ishirini na mbili. Ilipofika ile, kalamu ikasimama hewani. Alikuwa anaikazia macho karatasi.

"Inskip."

"Naam, Admirali."

"Wino wa siku hizi mwepesi. Mwambie yule muuza wino mimi si mtoto."

Akatia sahihi. Niliipeleka posta mwenyewe, nikitembea haraka kama mwizi, na mzee wa miaka hamsini na sita kama mimi akitembea hivyo barabarani Gosport watu humsalimia kwa wasiwasi. Nilikuwa na furaha ambayo sikuwahi kuipata tangu nizaliwe. Naisema wazi: nilijiona mwanaume.

Wiki tano zikapita. Siku moja ya Aprili nilivuka kwa kivuko kwenda Portsmouth kununua karatasi. Niliporudi Bi Tabitha alinisubiri mlangoni, macho yake yamemtoka.

"Ingia pole pole," akanong'ona. "Barua ya London imekuja wewe hupo, ameifungua mwenyewe. Halafu hajamaliza hata kuikunja, Culliford huyu hapa. Wamemfanya kamanda, Inskip! Ana koti jipya. Wako sebuleni wameshikana mikono kama maharusi."

"Admirali amesema nini?"

"Ndiyo maana nakwambia uingie pole pole."

Sebuleni, Culliford alikuwa amesimama mbele ya moto katika koti la buluu lenye vifungo vipya, machozi yakimtiririka bila kuyafuta. Admirali alikuwa amemshika bega.

"Miaka ishirini na saba nimekulaani, Sir Lucius," Culliford alikuwa akisema. "Kila siku ya Mungu. Kanisani nimekulaani. Kapteni kujisifu ni desturi, hilo sikulijali; nilidhani jina langu ulilifuta makusudi. Nisamehe."

"Usiseme hivyo, rafiki yangu. Ungejuaje? Mimi mwenyewe nilipogundua, sikupata usingizi. Nikasema, hapana, Culliford hawezi kufa hivi. Nikachukua kalamu."

Alichukua kalamu! Nilisimama na mafurushi yangu ya karatasi nikimchunguza usoni, kuona kama anajua anachosema. Nilitaka sana kuona hata ukope unaotikisika. Haukuwepo. Alikuwa amesoma barua ya London inayomshukuru kwa uadilifu wake wa kusahihisha kosa la zamani, na kama kawaida alikuwa ameamini alichosoma juu yake mwenyewe. Chaza, beseni, yote yalikuwa yamefutika. Hakuwa anadanganya tena. Alikuwa amefika mahali ambapo uongo hauhitajiki.

"Ah, Inskip, umefika," akasema kwa upole. "Usijifiche, tumekwisha zungumza. Kamanda Culliford, nakuomba usimwonee hasira sana. Alikuwa kijana, usingizi ulimshika, akaruka mistari. Amenitumikia vizuri katika mambo madogo madogo."

Culliford alinitazama. Aliaga, akainama mbele ya Admirali, akatoka, nami nikamfuata ukumbini kwa sababu ndiyo kazi yangu, kusindikiza wageni. Alisimama karibu na mlango.

"Ulinitazama usoni kule Plymouth," akasema. Hakupaza sauti, yeye aliyeweza kuita watu kutoka mtaa wa pili. "Nilikuja kwako nikakuuliza kama jina langu lilikuwemo. Ulikuwa unajua?"

Ningeweza kusema. Maneno yalikuwa yamejaa mdomoni. Lakini Admirali alikuwa nyuma ya mlango ule, na kama angeelewa kwamba barua ile hakuiandika, angeandika nyingine kesho yake asubuhi, kwa mkono wake mwenyewe kwa mara ya kwanza maishani, kuwaarifu London kwamba amechezewa. Na kabla wiki haijaisha huyu mzee angevua koti lake akarudi kuwa Luteni Babu. Tena, nani aliyeufuta mstari ule? Mkono ulikuwa wangu.

"Nilikuwa najua, Kamanda."

"Ukaniacha nimchukie mtu asiye na hatia. Susannah amekufa akimwombea mabaya."

"Ndiyo, Kamanda."

"Na Krismasi zote zile barua ulikuwa unaandika wewe. 'Nalitafakari.' Ulikuwa unajificha."

"Nilikuwa najificha."

Alisubiri kama mtu anayetaka kusikia udhuru. Sauti ya Admirali ilikuwa inatoka sebuleni akimwambia Bi Tabitha alete mvinyo, na kwamba haki, Bi Tabitha, haki huchelewa tu.

"Sikupi mkono, Inskip."

"Haki yako, Kamanda."

Alishika komeo, lakini glavu ilikuwa mpya na vidole vitatu havikuliweza. Nikamfungulia mlango. Akapita bila kunitazama, akashuka ngazi, akaishika barabara ya kivukoni, mgongo umenyooka kuliko nilivyowahi kuuona. Lile koti, kwa kweli, lilikuwa limempendeza.